Kucha za Mjusi Mwenye Ndevu: Nini Hukatwa na Nini Huachwa

Mtoto anayekulia Birmingham, Hamburg au Minneapolis anaweza kumwomba mzazi wake mjusi kama vile mwenzake anavyoomba paka, na katika duka la wanyama lililo karibu asikose kuonyeshwa mjusi mwenye ndevu, mpole, mwenye rangi ya mchanga, anayekubali kubebwa begani. Mzazi aliyekulia Tanga au Mombasa, ambako mjusi hukaa ukutani akila mbu na hakuna anayemtunza, hukubali kwa shingo upande. Baada ya miezi kadhaa huja swali ambalo hakulitarajia: kucha za mnyama huyu zimekuwa ndefu, zinakwaruza mikono na kunasa kwenye zulia, je, zikatwe? Hapo ndipo mkanganyiko unapoanza. Mmoja husema zikatwe kila mwezi bila kukosa, mwingine husema kuzigusa ni ukatili, na wa tatu hushauri kizimba kijazwe mchanga ili zijisugue zenyewe. Ushauri wa wote watatu una kasoro, na chanzo cha kasoro hiyo ni kwamba watu huulizana namna ya kukata kabla ya kuulizana ukucha ni kitu gani na kwa nini umerefuka.

Mjusi anayezungumzwa hapa ni yule ambaye wanasayansi humwita Pogona vitticeps, mwenyeji wa maeneo makavu ya ndani ya Australia, upande wa mashariki na wa kati. Anaitwa mwenye ndevu kwa sababu ya miiba laini iliyo chini ya koo lake, ambayo huitunisha na kuifanya iwe nyeusi anapokasirika au kuogopa. Mzima hufikia sentimita 40 hadi 60 kutoka pua hadi ncha ya mkia, na akitunzwa vyema huishi miaka 8 hadi 12. Tangu miaka ya 1960 Australia imekataza kusafirisha kibiashara wanyamapori wake hai kwenda nje, kwa hiyo wale wanaouzwa madukani huko Ulaya na Marekani ni watoto na wajukuu wa mijusi waliozaliwa vizimbani. Makazi yao yamebadilika lakini miili yao ni ileile: vidole bado vinaota kucha za mnyama anayetarajiwa kushinda akipanda magogo, nguzo za ua na miamba, na kufukua ardhi iliyokauka.

Jamaa yake wa karibu anajulikana vizuri huku kwetu. Yule mjusi wa mawe anayeota jua kwenye majabali ya Mwanza na Serengeti, ambaye dume lake lina kichwa chekundu na mwili wa buluu, ni wa familia hiyohiyo ya Agamidae. Hakuna anayemkata kucha, wala hatuoni kucha zake zikipinda na kunasa, kwa sababu anapopanda na kushuka jabali siku nzima, jabali lenyewe humpunguzia. Mjusi wa ukutani, yule wa ndani ya nyumba, ni wa ukoo mwingine kabisa. Hushikilia ukuta laini kwa vibamba vilivyo chini ya vidole vyake, na mtu anayejaribu kumwelewa mjusi mwenye ndevu kwa kumfikiria huyo atapotea tangu mwanzo.

Ukucha ulivyo ndani

Ukucha wa mjusi huyu una sehemu mbili, na mambo yote yanayofuata yanategemea kuzitofautisha. Nje kuna ala ngumu ya keratini, yaani dutu ileile inayofanya kucha na nywele za binadamu, ambayo haina uhai wala maumivu. Ndani ya ala hiyo, kuanzia shinani, kuna mwisho wa mfupa wa kidole uliozungukwa na nyama hai yenye mishipa ya damu na ya fahamu. Sehemu hiyo hai tutaiita kiini. Pembe ya ng'ombe imeumbwa kwa namna hiyohiyo: nje ni ala, ndani ni mfupa hai, na kila aliyewahi kuona pembe ikikatwa anajua kwamba ncha hutoka bila hata tone la damu, ilhali ukikaribia kichwa damu huruka na mnyama hulia. Kwa mjusi mwenye ndevu ile ncha isiyo na uhai ni ndogo mno, pengine milimita moja au mbili za mwisho, pale ambapo ukucha umekuwa mwembamba na kuanza kupinda kama ndoano.

Kwa hiyo anayesema kukata kucha ni ukatili anakosea, na anayedhani unaweza kuufupisha ukucha hadi upendavyo anakosea zaidi. Kinachokatwa ni ncha peke yake. Mjusi aliyekatwa vizuri bado ana kucha, bado anaweza kupanda gogo, na akiwa jike bado anaweza kufukua shimo la kutagia, jambo ambalo majike hufanya hata pale ambapo hakuna dume lililowakaribia.

Rangi huwachanganya wengi. Kucha za mijusi wengi wenye ndevu zina mstari wa kahawia au ni nyeusi kabisa, na weusi huo ni wa kawaida, haumaanishi uchafu wala ugonjwa. Kuna mijusi waliozalishwa makusudi wakiwa na rangi hafifu ambao kucha zao zote ni angavu kama kioo. Wafugaji wa kibiashara huwatambua kwa kutazama kucha hizohizo. Kwa mwenye kucha angavu, ukiweka tochi ya simu nyuma ya kidole utakiona kiini kama kivuli chekundu kinachoishia kabla ya ncha, na kazi ya kukata huwa rahisi. Kwa mwenye kucha nyeusi, tochi husaidia kidogo au haisaidii kabisa, na huyo ndiye wa kupunguziwa kidogo sana kila mara, au kupigwa tupa bila kukatwa.

Kwa nini zimerefuka

Ukucha huota maisha yote ya mnyama, na urefu unaouona ni tofauti kati ya kasi ya kuota na kasi ya kusagika. Kasi ya kuota hatuna uwezo wa kuibadilisha. Kasi ya kusagika inategemea kabisa kile tulichokiweka ndani ya kizimba, na hapa ndipo ningependa mfugaji atumie muda wake kuliko kwenye kikata kucha. Sakafu ya karatasi, ya plastiki au ya zulia la kizimbani ni safi na rahisi kubadilisha, lakini mjusi hutembea juu yake bila kupoteza hata chembe ya ukucha. Zulia lina hatari ya ziada, kwani nyuzi zake hunasa ndoano ya ukucha, na mnyama akijivuta kwa hofu anaweza kuung'oa au kuteguka kidole.

Dawa ya hali hiyo ni mawe. Kipande bapa cha sleti (jiwe gumu linalopasuka kwa matabaka), kigae cha udongo kisichong'arishwa, au tofali la kuchoma, kikiwekwa chini ya taa ya joto, hufanya kazi kubwa kwa sababu mjusi hupanda hapo na kushuka mara nyingi kwa siku. Sehemu hiyo ya kuotea joto hupaswa kuwa na nyuzijoto 38 hadi 42 hivi. Jiwe hutunza joto kuliko ubao, kwa hiyo kipimwe kile kinachokanyagwa, si hewa iliyo juu yake. Jiwe zito likae juu ya sakafu ya kizimba yenyewe, si juu ya udongo, maana mjusi akifukua chini yake linaweza kumwangukia. Mboga zinaweza kutandazwa juu ya sleti, ili hata wakati wa kula awe anakanyaga na kujivuta juu ya kitu kikavu chenye mikwaruzo. Magogo yenye gome gumu husaidia pia, ingawa si kama jiwe.

Mchanga mlaini wa kununua, ambao watu wengi huuamini kwa sababu mjusi huyu ni wa nchi kavu, hausagi kucha ipasavyo. Ili kitu kisage lazima kikatae kusogea, na chembe za mchanga husogea pale tu zinapokanyagwa. Zaidi ya hapo, mjusi mdogo au mgonjwa anayeumeza pamoja na chakula anaweza kuziba utumbo. Udongo uliochanganywa na mfinyanzi, ukashindiliwa na kukauka hadi ukawa mgumu, ni habari tofauti. Huo humlazimu afukue kwa nguvu, na kufukua kunapunguza kucha kweli. Karatasi ya msasa ndiyo ya kuepukwa kabisa. Ni kweli inasaga kucha, lakini mjusi hulala kifudifudi, na msasa hauchagui kati ya ukucha na ngozi ya tumbo.

Kuna sababu nyingine ambayo husahaulika. Mjusi anayekaa mahali penye baridi hatembei, na asiyetembea hasagi. Kizimba kinaweza kuwa na mawe mazuri kila kona, lakini taa ikiwa dhaifu au kizimba chenyewe kikiwa kidogo mno, mnyama atabaki amelala gogo moja siku nzima na kucha zake zitaendelea kuota. Mzee na mgonjwa pia hurefuka kucha kwa njia hiyo. Mfugaji anayelazimika kukata kila baada ya wiki chache kwa mjusi kijana mwenye afya anapaswa kuitazama taa na sakafu kwanza.

Wakati wa kukata, na namna yake

Hakuna ratiba inayofaa mijusi wote. Mweke juu ya meza tambarare na utazame vidole vyake. Vikilala vimenyooka, na ncha za kucha zikigusa meza bila kuvisukuma, hakuna haja ya kukata, hata kama zinakwaruza mkono wako kidogo. Nyoosha ile ncha kali kwa tupa ya kucha, basi. Ikiwa ukucha umekuwa mrefu kiasi cha kukisukuma kidole upande, au umepinda hadi unaelekea chini ya kidole, au mnyama hunasa mara kwa mara kwenye nguo, wakati umefika. Wadogo wanaokua haraka mara nyingi hawahitaji kukatwa kabisa.

Kikata kucha cha binadamu kilicho kikali kinatosha, na kile kidogo cha paka ni bora kwa sababu hakiubani ukucha hadi ukapasuka. Wengi huanza kwa kumweka mjusi katika maji ya uvuguvugu yasiyozidi kimo cha mabega yake kwa dakika 10 au 15, na hatua hiyo ni nzuri, kwani hulainisha ala na kuondoa uchafu unaoficha ncha. Umkaribie kutoka ubavuni, wala usimshukie kwa juu: utosini ana kigamba kidogo chenye jicho la tatu, lisiloona sura za vitu bali linahisi mwanga na kivuli, na kivuli kinachotoka juu, katika akili ya mjusi, ni ndege mwindaji. Asilazwe chali ili vidole vifikiwe kwa urahisi, kama wafanyavyo baadhi ya watu, kwa maana hana kiwambo cha kupumulia kama chetu na hali hiyo humtaabisha.

Wakiwa watu wawili, kazi ni nyepesi zaidi. Mmoja humshika akitegemeza kifua na tumbo, mwingine hushika kidole kimoja kwa vidole viwili karibu kabisa na ukucha, ili mnyama akishtuka kiungo kisipindike, kisha hukata ile ncha ya ndoano na kuilainisha kwa tupa. Ndevu zikianza kuwa nyeusi na mwili ukatuna, au akifungua kinywa na kupumua kwa nguvu, arudishwe kizimbani na kazi iendelee siku nyingine. Ana vidole 20. Hakuna sheria inayosema vimalizwe kwa kikao kimoja, na mguu mmoja kwa siku ni mwendo mzuri kabisa.

Akinasa kwenye sweta au taulo, usimvute. Ukucha umejipinda kama ndoano, na kuvuta huukaza. Msogeze mnyama mbele kidogo, kuelekea kule anakoshika, kisha inua kila ukucha kwa ncha ya kidole chako.

Damu ikitoka, kiini kimeguswa. Bana kwa pamba safi dakika chache bila kufunuafunua, kisha ubandike poda ya kukatishia damu inayouzwa katika maduka ya wanyama. Kama haipo, wanga wa mahindi unaotumika kufanya mchuzi uwe mzito unafaa kwa tone dogo. Shabu, ambayo vinyozi hupaka shavuni baada ya wembe, hubana mishipa pia, ila huchoma, kwa hiyo mimi ningeanza na wanga. Mjusi akae juu ya karatasi safi, mbali na udongo na mchanga, hadi kidonda kikauke. Damu ambayo haijakoma baada ya robo saa ya kubanwa ni ya daktari.

Imani zinazodhuru

Wengi wetu tumeona mkia wa mjusi wa ukutani ukikatika, ukachezacheza peke yake, na baada ya muda akaota mwingine. Kutokana na hilo kumezuka dhana kwamba chochote kikikatika kwa mjusi kitarudi. Mjusi mwenye ndevu haoti mkia mwingine akipoteza wake, na kidole kikikatika hakirudi. Ukucha ulionyofoka unaweza kuota tena ikiwa shina lake limebaki zima, lakini ncha ya mfupa ikiondoka nao, kidole kitabaki butu maisha yote. Kwa sababu hiyohiyo, kuondoa kucha moja kwa moja ili mnyama asikwaruze watoto ni kumkata mfupa wa mwisho wa kila kidole. Uingereza na Ujerumani zina sheria zinazokataza kuwakata wanyama viungo bila sababu ya kitabibu, na daktari mwaminifu popote alipo atakataa.

Imani nyingine ni kwamba tatizo lolote la kidole hutatuliwa kwa kikata kucha. Hili ndilo hunitia wasiwasi kuliko yote, kwa kuwa magonjwa matatu hujificha nyuma yake. La kwanza linahusu kujivua gamba. Mjusi huyu hujivua vipandevipande, na mara nyingine ngozi kuukuu hubaki kama pete kuzunguka kidole. Pete hiyo inapokauka hukaza, damu haifiki mbele yake, na kidole hufa polepole kuanzia nchani. Weusi wa kawaida huishia kwenye ukucha. Weusi wa kifo hupanda hadi kwenye ngozi ya kidole, ambacho husinyaa na kukauka. Pete ikionekana mapema, mloweshe katika maji ya uvuguvugu mara kadhaa hadi ilegee yenyewe, bila kuibandua kwa nguvu.

La pili ni ulaini wa mifupa unaotokana na ukosefu wa kalisi (kalsiamu) au wa UVB, yaani mionzi ya jua isiyoonekana kwa macho yetu, ambayo mwili unaihitaji ili kutengeneza vitamini D3. Vidole hupinda, huvimba, na wakati mwingine hutetemeka mnyama anapojaribu kutembea. Mfugaji huona vidole vimekwenda upande, akadhani ni kucha ndefu, akakata na kukata, ilhali kinachohitajika ni daktari, kalisi na taa mpya. Taa ya UVB huendelea kuangaza macho yetu muda mrefu baada ya mionzi yake kupungua, ndiyo maana hubadilishwa kila baada ya miezi 6 hadi 12 kulingana na aina yake. La tatu ni ukungu uitwao Nannizziopsis guarroi, unaotia ngozi magaga ya njano na unaoweza kuanzia kwenye vidole na kucha, ukaambukiza mijusi wengine na kuua. Ukucha uliovimba shinani, wenye magaga au unaobanduka wenyewe, usikatwe nyumbani, na mnyama huyo atengwe na wenzake hadi apimwe na daktari wa wanyama mwenye uzoefu wa reptilia.

Binadamu naye ana hatari yake katika shughuli hii. Mjusi mwenye ndevu aliye mzima wa afya anaweza kubeba bakteria wa salmonela tumboni na kuwasambaza mwilini mwake na kizimbani. Mwaka 2014 mamlaka ya kudhibiti magonjwa ya Marekani, CDC, ilitangaza mlipuko wa salmonela aina ya Cotham uliohusishwa na mijusi hawa, uliokuwa umewapata zaidi ya watu 130, wengi wao watoto wadogo. Mamlaka hiyo hushauri kwamba watoto wa chini ya miaka 5, wazee, na wenye kinga dhaifu wasiwashike. Beseni la kuloweshea mjusi lisiwe lile la kuoshea vyombo, wala maji yake yasimwagwe kwenye sinki la jikoni. Mikwaruzo ioshwe papo hapo kwa sabuni na maji yanayotiririka, na mikono vilevile, hata kama haikukwaruzwa. Kikata kucha na tupa vilivyotumika kwa mjusi viwe vya mjusi peke yake, vihifadhiwe mbali na vile vya familia.